SOMO: KONDOO PWANI YA LINDI

Takwimu za Wizara ya Mifugo na Uvuvi za mwaka 2021/22 zilionyesha kondoo milioni 8.8 nchini, na mbuzi milioni 25.6. Zamani Kilwa ilikuwa na mifugo michache kwa sababu ya mbung'o. Wafugaji walioondolewa Usangu mwaka 2006 na 2007 walileta makundi yao huku. Migogoro na wakulima ikafuata.

Soko la nyama lipo, hasa wakati wa Idd el-Hajj. Lakini penye unyevu, minyoo huua kondoo. Kondoo mwekundu wa Kimasai huistahimili zaidi.

Kamati zijadili:
1. Malisho yako wapi?
2. Mradi ukiisha, nani atanunua dawa?

Wafadhili nao wahesabu kondoo waliouzwa, si waliogawiwa tu.