Dini Iliyojengwa Juu ya Uzi Mmoja

Aliye na zeze nyumbani na alitwae kabla hajaendelea kusoma. Upige uzi ukiwa wazi, usikilize. Kisha ubane katikati hasa, uipige nusu moja. Utasikia sauti ile ile, ila imepanda, kama tusikiavyo kanisani wanaume na watoto waimbapo pamoja: wimbo ni mmoja, wengine chini, wengine juu. Ukiacha theluthi mbili za uzi zilie, sauti itapanda toka do hata so. Ukiacha robo tatu, toka do hata fa. Uzi uwe wa utumbo au wa chuma, mrefu au mfupi, hesabu hizi hazibadiliki.

Jambo hili dogo lilizaa dini ya ajabu. Yapata miaka 530 kabla ya kuzaliwa Bwana wetu, Myunani mmoja, jina lake Pythagoras, mwenyeji wa kisiwa cha Samos, alihamia mji wa Croton kusini mwa Italia, akakusanya wafuasi. Hakutuachia kitabu hata kimoja. Habari zake twazipata kwa watu waliokuja baadaye, nazo zimechanganyika na hadithi nyingi. Yasemekana wafuasi wake walifundishwa kunyamaza, tena walikatazwa maharagwe. Waliamini ya kuwa roho ya mtu akifa huhamia mwili mwingine, hata wa mnyama. Nao walipoona kwamba sauti zipatanazo hutoka katika hesabu 1, 2, 3 na 4 tu, walisema: Basi, vitu vyote ni hesabu, na mbingu yote ni upatano wa sauti. Hesabu hizo nne zikijumlishwa ni 10. Kwa hiyo waliiheshimu 10 kama kitu kitakatifu.

Tena walisema hivi: kitu kikubwa kiendacho kwa kasi hakikosi kuvuma, nyota ni kubwa, nazo zaenda kasi, basi nyota zavuma, na mavumo yao yapatana kama nyuzi za kinubi. Mtu akiwauliza, Mbona hatusikii? walimjibu: Umeisikia sauti hiyo tangu siku ya kuzaliwa, haikukoma hata mara moja, ndiyo maana huitambui, mfua shaba naye hasikii tena kelele za kazi yake. Aristotle, aliyeandika katika karne ya 4 kabla ya Kristo, alikiri kwamba maneno hayo ni mazuri, kisha akayakataa. Ngurumo, alisema, hupasua mawe. Vitu vikubwa kama nyota vingevuma, sauti yao ingetuvunja sisi sote.

Lakini kosa lao lililo kubwa zaidi ni jingine. Walihesabu vilivyo mbinguni: tabaka la nyota zisizohama, sayari 5, jua, mwezi, na dunia yetu. Jumla ni 9. Hesabu yao takatifu ilitaka 10! Je, waliisahihisha imani yao? La. Walibuni dunia ya pili, isiyoonekana na mtu ye yote, iliyojificha kwetu daima, ili kumi itimie. Hapo twauona ugonjwa wa dini iliyotungwa na watu. Huanza kwa kweli moja, na kweli ya uzi ni kweli hasa. Halafu hukataa kusahihishwa na kazi ya Muumba. Tusiwacheke Wayunani peke yao. Hadithi moja husimulia ya kwamba Pythagoras aligundua mambo haya kwa kusikiliza nyundo za wahunzi, akazipima uzito, akaziona zina hesabu zile zile. Nyundo hazifanyi hivyo kamwe. Hata hivyo wataalamu, na Wakristo miongoni mwao, waliinakili hadithi hiyo kwa miaka zaidi ya elfu, wala hawakunyanyua nyundo kujaribu. Katika karne ya 16 mpiga muziki Vincenzo Galilei, baba yake Galileo, alionyesha ya kuwa hesabu za uzito hazifanani na hesabu za urefu: uzi usiobadilishwa urefu, ili sauti yake ipande toka do hata do ya juu, hauhitaji uzito mara 2, wahitaji mara 4.

Sasa twataka kusema habari za mtu wa kanisa letu la Kilutheri, Johannes Kepler, aliyezaliwa mwaka 1571 katika Ujerumani. Alisoma Tübingen apate kuwa mchungaji, lakini mwaka 1594 alitumwa Graz kufundisha hesabu. Mwaka 1600 Waprotestanti walifukuzwa huko, naye alipokataa kuiacha imani yake akahama. Kepler aliipenda ndoto ya Pythagoras kwa moyo wake wote. Aliamini ya kuwa Mungu aliumba mbingu kwa upatano, na ya kuwa mtu, aliyeumbwa kwa mfano wake, aweza kuutambua. Hakudhani kwamba masikio yatasikia kitu. Hakuna sauti huko, alisema, upatano huo ni wa akili.

Tofauti yake na wale wa Croton ni hii. Alipoifuata njia ya sayari Mirihi, hesabu yake ilipishana na vipimo vya Tycho Brahe kwa dakika 8 za duara, yaani chini ya sehemu moja ya saba ya nyuzi moja ya duara. Angeweza kuzifumbia macho. Badala yake aliibomoa kazi ya miaka, akaanza upya, hata akaona kwamba njia ya sayari si duara bali mviringo uliorefuka kidogo. Habari hiyo aliitoa mwaka 1609.

Kitabu chake juu ya upatano wa ulimwengu kilitoka mwaka 1619. Aliyatunga katikati ya msiba. Mwezi wa Februari 1618 alikufa binti yake mdogo; mwaka ule ule vita vya miaka 30 vilianza; mama yake mzee alikuwa ameshitakiwa uchawi, na baadaye alifungwa minyororo miezi 14 kabla ya kuachiliwa mwaka 1621. Katika kitabu hicho kila sayari ina noti zake, zikipanda inapokaribia jua na kushuka inapokuwa mbali. Dunia yetu, aliandika, huimba mi, fa, mi; na kwa Kilatini silabi hizo zaanza maneno ya taabu na njaa. Noti hizo leo hazishikwi kama elimu. Lakini ndani ya kitabu hicho hicho imo kanuni aliyoikubali tarehe 15 Mei 1618, nayo haijaanguka. Mshtarii iko mbali na jua mara 5.2 kuliko sisi: 5.2 mara 5.2 mara 5.2 ni 140 na kitu. Mwaka wake ni miaka yetu 11.86: 11.86 mara 11.86 ni 140 na kitu. Ndivyo ilivyo kwa sayari zote.

Mtu huyu, alipofika Linz mwaka 1612, mchungaji wake alimnyima Meza ya Bwana, kwa sababu hakukubali kutia sahihi pasipo masharti ungamo la mwaka 1577, hasa fundisho la mwili wa Kristo kuwapo kila mahali. Ungamo hilo huitwa Kanuni ya Mapatano. Aliwasihi walimu wake wa Tübingen. Mwaka 1619 nao walimkatalia. Hakuhamia kanisa jingine, wala hakutia sahihi asiloliamini. Alikufa Regensburg mwaka 1630, na vita viliyafuta makaburi ya hapo, na lake pia.

Walimu watakaolisoma somo hili na vijana walete zeze, wasome Zaburi 19 na Ayubu 38, kisha waulize: wale wa Linz walikuwa wakilinda nini, nao walipoteza nini?