SOMO: Mtumishi Aliyeshushwa Cheo na Mshahara Wake

Swali linalotufikia mara kwa mara, toka Kahama hadi Geita, ni hili: mtumishi wa Serikali ameshushwa cheo, na mshahara wa miezi ya nyuma hajalipwa. Aanzie wapi?

Wengi hufuata nyayo za jirani wa mgodini. Huyo akidhulumiwa hupeleka mgogoro wake Tume ya Usuluhishi na Uamuzi. Mtumishi wa umma hawezi kuanzia huko. Tangu marekebisho ya 2016, Sheria ya Utumishi wa Umma inamtaka kwanza amalize njia zilizomo ndani ya sheria hiyo. Mtendaji wa kata, kwa mfano, hukata rufaa Tume ya Utumishi wa Umma ndani ya siku 45 tangu uamuzi. Asiporidhika, kwa Rais. (Walimu wana tume yao.) Tumeona siku hizo zikiishia kwenye vikao vya ukoo.

Tutenganishe pia madai mawili. Kushushwa cheo hupunguza mshahara wa mbele. Hakufuti malimbikizo ya miezi aliyokwisha kuitumikia kwa cheo cha zamani. Hayo ayadai kwa mwajiri kwa maandishi, akiambatanisha hati za mshahara, hata kama rufaa itashindwa. Na kama alishushwa bila kupewa hati ya mashtaka wala nafasi ya kujitetea, hiyo ndiyo iwe sababu ya kwanza ya rufaa.

Wafadhili huuliza fedha za msaada wa sheria huenda wapi. Nyingi ni nauli, fotokopi na posta.