Pedi ya gemu ijaribiwe kabla ya katoni kulipiwa

Miongoni mwa bidhaa ndogo zinazopatikana katika maduka ya vifaa vya simu ya Mtaa wa Aggrey, Kariakoo, na katika miji mingine nchini, ni pedi za kuchezea gemu kwenye simu. Ni bidhaa nyepesi kusafirisha, haiozi, na mnunuzi wake ni kijana ambaye habembelezwi sana. Hata hivyo ina ugonjwa mmoja unaowasumbua wauzaji: hurudishwa. Kijana hununua Jumamosi, na Jumatatu asubuhi yuko mlangoni na boksi lake akidai fedha, ingawa pedi yenyewe haina hitilafu yoyote.

Hasara yake huonekana vizuri kwa hesabu ya mfano. Mfanyabiashara akinunua pedi 40 kwa Sh. 30,000/= kila moja, mtaji ni Sh. 1,200,000/=. Akiuza kwa Sh. 42,000/=, faida ni Sh. 12,000/= kwa pedi. Zikirudishwa 10 zisiuzike tena, zile 30 zilizobaki zimempa Sh. 360,000/=, na zile 10 zimemla Sh. 300,000/=. Anabaki na Sh. 60,000/= kabla ya pango, nauli na ushuru. Zikirudishwa 12, amekwisha kuingia kwenye hasara.

Chanzo cha kurudishwa huko ni maneno ya kwenye boksi. Huandikwa kwamba pedi inafanya kazi na simu za Android na za Apple. Maneno hayo mara nyingi ni ya kweli, na ndiyo yanayomponza muuzaji, kwa sababu hayasemi lolote kuhusu gemu. Mnunuzi hanunui pedi ili iungane na simu. Ananunua ili acheze gemu fulani anayoijua kwa jina.

Kwa upande wa simu, kazi ilikwisha zamani. Android ilianza kuelewa vitufe vya pedi tangu toleo la 3.1 la mwaka 2011. Apple iliruhusu pedi katika iOS 7 ya mwaka 2013, ila kwa miaka kadhaa ilikubali zile tu zilizopata kibali chake. Mwaka 2019, kwa iOS 13, ilifungua mlango kwa pedi za PlayStation 4 na za Xbox zenye Bluetooth. Kwa hiyo karibu kila simu inayowekwa leo juu ya kaunta itapokea pedi ya aina fulani. Lakini simu kupokea pedi ni sawa na tarishi kupokea barua. Kama mwenye nyumba hasomi, barua itafika na hakuna kitakachofanyika. Mwenye nyumba hapa ni gemu, na aliyeitengeneza ndiye anayeamua kama itasoma vitufe au itangoja vidole kwenye kioo.

Gemu zinazosoma pedi zipo nyingi. Minecraft inasoma. Fortnite inasoma. Grand Theft Auto: San Andreas, ambayo ilitolewa kwa simu mwaka 2013, inasoma, na ni gemu nzuri ya kujaribia dukani kwa sababu haihitaji intaneti kila wakati. Nyingine husoma nusu. Call of Duty: Mobile ilitoka Oktoba 2019 na ikaongezewa pedi mwezi uliofuata, lakini pedi ilikubaliwa ndani ya pambano tu, kuchagua silaha na kupitia kurasa za mwanzo kuliendelea kufanywa kwa kidole. Aidha, ilianza kwa kukubali rasmi pedi za PlayStation 4 na Xbox One, si kila pedi ya bei nafuu. Mteja asipoambiwa hayo mapema, atafungua gemu, atabonyeza kitufe kwenye ukurasa wa kwanza, ataona kimya, na atarudi dukani akiwa na hakika kwamba ameuziwa kitu kibovu.

Kundi la tatu ndilo la hatari. PUBG Mobile, iliyotoka mwaka 2018, ilitengenezwa kwa kioo cha kuguswa. Wanaotaka kuicheza kwa pedi hutumia programu za kutafsiri, yaani programu inayogeuza kila kitufe kuwa mguso wa bandia mahali fulani kwenye kioo. Programu hizo zipo, na baadhi ya wauzaji huziweka kwenye simu ya mteja ili pedi ionekane inafanya kazi papo hapo. Kuna mambo mawili ambayo mteja haambiwi. Kwanza, nyingi huhitaji kuamshwa upya kila simu inapozimwa na kuwashwa, na hapo mteja ambaye si fundi hukwama. Pili, wenye gemu za mapambano ya mtandaoni huweza kuhesabu jambo hilo kuwa udanganyifu na kufunga akaunti. Akaunti iliyojengwa kwa miezi mingi, na pengine kwa fedha taslimu, ikifungwa, mteja hatamlaumu mwenye gemu aliye ng'ambo. Atamlaumu aliyemwekea programu, na atawasimulia wenzake mtaa mzima. Muuzaji mwenye busara humwambia mteja wa aina hii kwamba hana pedi ya gemu hiyo, akakosa Sh. 12,000/= zake.

Ajabu ni kwamba kipo kifaa cha bei ndogo kisicho na matatizo hayo. Ni vile vibonyezo viwili vinavyobanwa pembeni mwa simu na kugusa kioo chenyewe kila vinapobonyezwa. Havina Bluetooth, havina programu, na simu haijui kama vipo. Kwake ni vidole tu. Gemu yoyote inayochezwa kwa kugusa itaviitikia. Faida kwa kimoja ni ndogo, lakini havirudishwi kwa sababu ya gemu kukataa, na mteja wa PUBG ambaye angeondoka mikono mitupu huondoka na kitu.

Jaribio lenyewe halichukui dakika kumi. Mfanyabiashara awe na simu mbili za dukani, moja ya Android na moja ya Apple, zikiwa na gemu tatu au nne ambazo wateja wake huzitaja mara nyingi. Pedi iunganishwe kwanza na simu. Kwenye Android, mishale ya pedi ikibonyezwa, alama ya kuchagua itahama kutoka picha moja kwenda nyingine kwenye ukurasa wa mwanzo. Hapo inajulikana kwamba simu imeipokea. Kisha ifunguliwe gemu na ichezwe hadi ndani ya mchezo wenyewe, si kuishia ukurasa wa kwanza. Vitufe vyote vibonyezwe, hata vile vya nyuma. Kwa gemu ambayo haipo kwenye simu za dukani, ukurasa wake katika duka la Apple huwa na alama inayoonyesha kwamba inakubali pedi, na inafaa mteja aonyeshwe alama hiyo kabla hajatoa fedha. Gemu za mpira ndizo zinazoulizwa sana na vijana, na hizo hubadilishwa mara kwa mara na wenyewe. Jaribio la msimu uliopita lisitumiwe kuuzia msimu huu.

Pedi ikikataa, isitupwe kapuni haraka. Nyingi zina hali zaidi ya moja, na huenda imewashwa katika hali ya kompyuta. Pedi ya 8BitDo SN30 Pro, kwa mfano, huwashwa kwa Start na B pamoja kwa ajili ya Android, na kwa Start na X kwa ajili ya Windows. Pedi ya PlayStation 4 hushikiliwa kitufe cha Share na kile cha PS mpaka taa ipepese haraka, ndipo simu iione. Karatasi ya maelezo iliyomo ndani ya boksi isomwe na muuzaji mwenyewe, kwani mteja hataisoma.

Wanaonunua pedi za mitumba wawe waangalifu zaidi na zile za Xbox One. Zile za kwanza, za mwaka 2013, hazina Bluetooth kabisa na haziungani na simu bila waya. Zenye Bluetooth zilianza kutoka mwaka 2016. Kwa mbali zinafanana kama mapacha. Tofauti iko kwenye plastiki inayozunguka kitufe chenye nembo: kwenye zile za zamani ni kipande cha pekee kilichoshikana na vitufe vya juu, na kwenye zile zenye Bluetooth ni plastiki ileile ya uso wa pedi. Anayenunua kwa fungu bila kuzigeuza na kuzitazama moja moja anaweza kupeleka dukani mzigo ambao wenye simu hawautaki. Za Xbox 360 zisizo na waya nazo hazina Bluetooth.

Kwa pedi zinazoikumbatia simu pande zote mbili, jambo la kutazama ni plagi. Mwaka 2023 Apple iliacha plagi ya Lightning kwenye iPhone 15 na kuhamia USB-C, kama ilivyo kwa simu nyingi za Android. Pedi za Lightning zilizokuwa ghali sasa zinatolewa kwa bei ya kushawishi na wauzaji wa jumla wanaotaka kusafisha maghala. Wateja wake bado wapo, maana iPhone za zamani ni nyingi mikononi mwa watu, ila ni kundi linalopungua kila mwaka. Asiye na uhakika wa kuzimaliza haraka asichukue katoni nzima. Simu nayo ipimwe ikiwa na kava lake, kwani plagi fupi haifiki.

Kabla ya kulipia mzigo, mfanyabiashara aombe pedi moja ya mfano kutoka katoni ileile atakayoichukua, si ile ya kwenye kabati la maonyesho, na aijaribu kwa gemu zake. Makubaliano ya kurudisha zilizokataa yaandikwe kwenye stakabadhi pamoja na idadi ya siku. Na kwa mteja wake, aandike nyuma ya risiti jina la gemu iliyojaribiwa mbele yake na aina ya simu iliyotumika.