Askari Akituhumiwa, Nani Amchunguze?

Haki haisimami kwa hukumu peke yake. Husimama kwanza kwa uchunguzi. Hata hakimu akiwa mwadilifu, akiletewa habari zilizopotolewa, hukumu yake itapotoka. Kwa hivyo twapenda kulieleza hapa jambo ambalo wengi wetu hulilalamikia barazani na wachache hulijua: mtu akifia mikononi mwa polisi, ni nani apasaye kuchunguza, na sisi tulio nje yatupasa nini?

Asili ya jambo hili si geni kwetu. Katika madhehebu ya Imam Shafi, ushahidi wa mzazi kwa faida ya mwanawe haukubaliwi, wala wa mwana kwa faida ya mzazi wake. Na kadhi hajihukumii nafsi yake. Si kwamba kila baba ni mwongo, bali mapenzi yana nguvu, na shaka ya upendeleo yatosha kuuondoa ushahidi. Basi askari waliovaa sare moja, wakalinda zamu moja chini ya mkubwa mmoja, watachunguzanaje hata watu waridhike?

Natutazame mfano wa papa hapa pwani. Mwezi wa Mei 2012 kijana mmoja Mwingereza, umri wake miaka 28, alikamatwa Diani kwa tuhuma ya kuvuta bangi. Kutoka kituoni alipelekwa hospitali, akafa. Polisi walisema ameuawa na dawa za kulevya. Lakini mwili ulipopasuliwa, madaktari waliona jeraha la pigo kichwani, wala vipimo havikuonyesha dawa za kuweza kumuua. Mwaka 2018 hakimu wa Mombasa, baada ya kusikiliza mashahidi hadharani, aliamua kwamba askari wanne wana la kujibu. Mwezi wa Novemba 2021 Mahakama Kuu iliwatia hatiani kwa kuua bila kukusudia, wakahukumiwa kifungo. Ilipita miaka 9, na huyo alikuwa na wazee wenye uwezo wa kufuatia. Je, mtoto wa mvuvi atafuatiwa na nani?

Sheria ya mwaka 2011 iliunda Mamlaka Huru ya Kutathmini Utendakazi wa Polisi, maarufu kwa jina la IPOA. Sheria hiyo yawalazimisha polisi wenyewe kuiarifu Mamlaka kila mtu anapokufa au kuumizwa vibaya kwa kitendo cha askari, au anapofia kizuizini. Mamlaka haishtaki, huchunguza, kisha humpelekea Mkurugenzi wa Mashtaka ya Umma mapendekezo yake. Ina ofisi Mombasa, na kupeleka malalamiko hakulipiwi.

Udhaifu uko hapa: wa kwanza kufika penye tukio aghalabu ni polisi, na kitabu cha matukio kimo mikononi mwao. Ushahidi ukipotea siku ya kwanza, mchunguzi aliye huru atakuja kuchunguza nini?

Na hapa ndipo lawama inapotugeukia sisi. Maiti huletwa na alama mwilini, nasi kwa pupa ya kuzika twakataa asipasuliwe, twasema kupasua ni kumvunjia heshima. Ni kweli kwamba maiti ana heshima yake, na kuharakisha mazishi ni sunna. Lakini Baraza la Fikihi la Rabita ya Makka lilikwisha amua mwaka 1987 kwamba maiti yaruhusiwa kupasuliwa pale uchunguzi wa jinai unapohitaji. Kumzika aliyedhulumiwa pamoja na ushahidi wake ni kumsaidia aliyemdhulumu.

Basi likitokea la kutokea, yatupasa haya: tuandike jina la kituo, saa na nambari ya askari, tupige picha za majeraha, nguo zisifuliwe, tuiarifu Mamlaka siku ile ile, tutake daktari tunayemwamini ahudhurie mwili unapopasuliwa, na aliyeshuhudia asifiche ushahidi.

Huenda mtu akauliza: je, askari hana haki? Anayo, tena kubwa. Askari aliyesingiziwa husafika kwa uchunguzi wa mtu baki, wala hasafiki kwa maneno ya wenziwe. Uchunguzi wa haki humlinda aliyeuawa asisahauliwe, na humlinda asiyeua asihukumiwe. Atakaye moja bila ya jingine hakutaka haki, ametaka ushindi.