Hundi Iliyorudi: Kupatana Mapema Kuna Bei Yake

Wiki hii tunaacha kidogo bei za soko tuangalie balaa linaloweza kumkuta yeyote anayeuza mali na kupokea hundi: hundi kurudi kwa sababu akaunti haina fedha. Mfano wetu ni India, nchi ambako neno lenyewe "hundi" lilitoka, na ambako wafanyabiashara wetu wengi hununua nguo, dawa na mashine.

Kule, hundi iliyorudi si deni tu, ni jinai. Kifungu cha 138 kilichoanza kutumika mwaka 1989 sasa kinatoa kifungo cha hadi miaka miwili, au faini isiyozidi mara mbili ya kiasi cha hundi, au vyote viwili. Lakini aliyeuza mali yake hatafuti kumwona mdaiwa gerezani. Anataka fedha zake. Ndiyo maana marekebisho ya 2002 yaliongeza kifungu cha 147, kinachoruhusu pande mbili kupatana na kesi kumalizika.

Mapatano yaliyo rahisi kuliko yote hufanyika kabla ya kesi. Mlipwaji akishajulishwa na benki kuwa hundi imerudi, ana siku 30 za kumpelekea mwandikaji barua ya kudai. Mwandikaji naye ana siku 15 tangu aipokee barua. Akilipa ndani ya siku hizo, hakuna kosa. Asipolipa, mlipwaji ana mwezi mmoja wa kufungua mashtaka.

Tatizo ni kwamba washtakiwa wengi walikuwa wakivuta kesi miaka na miaka, kisha wanakuja kupatana wakiwa kwenye rufani. Mwaka 2010 Mahakama Kuu Kabisa ya India ikaweka ada ya kuchelewa, na Septemba 2025 ikaipunguza. Chukua hundi ya rupia 500,000. Mshtakiwa akilipa kabla ya kutoa ushahidi wake wa utetezi, mahakama inaweza kukubali mapatano bila ada. Akilipa baada ya hapo lakini kabla ya hukumu, anaongeza asilimia 5, yaani rupia 25,000. Kwenye rufani ni asilimia 7.5, sawa na rupia 37,500, na akifika mahakama ya juu kabisa ni asilimia 10, rupia 50,000. Fedha hizo haziendi kwa mlipwaji. Huenda kwenye mamlaka ya msaada wa kisheria. Kwa maoni yetu punguzo hilo ni kubwa mno. Chini ya utaratibu wa 2010 ngazi hiyo ya mwisho ilikuwa asilimia 20, na mdaiwa mjanja alikuwa na sababu nzito zaidi ya kuharakisha.

Mlipwaji hakuachwa mikono mitupu. Tangu 2018 mahakama inaweza kumwamuru mshtakiwa aliyekana kosa alipe fidia ya muda isiyozidi asilimia 20 ya hundi huku kesi ikiendelea. Aidha, mwaka 2024 mahakama ilisisitiza kwamba mlalamikaji hawezi kulazimishwa kupatana, hata kama amefidiwa.

Hatari kubwa iko kwenye mapatano yenyewe. Mara nyingi mdaiwa hulipa kwa hundi nyingine, na hiyo nayo hurudi! Katika kesi ya Gimpex ya 2021, mahakama ilisema mapatano yakishafanyika huchukua nafasi ya lalamiko la kwanza. Mlipwaji hawezi kuendesha kesi mbili kwa deni moja. Itambidi adai kwa mapatano mapya na hundi mpya, akianza tena na barua na siku zake 15. Kwa hiyo mlipwaji makini hudai fedha ziingie moja kwa moja kwenye akaunti yake, na hatii saini karatasi ya kumaliza kesi mpaka benki ithibitishe zimefika. Ikiwa ni kwa awamu, tarehe na kiasi cha kila awamu huandikwa, pamoja na kitakachofuata awamu moja ikikosekana.