Maporomoko ya Niagara na Wageni Wake

Katika Amerika ya Kaskazini, mpakani mwa Marekani na Kanada, uko mto uitwao Niagara. Maji yake hufika ukingoni pa genge, yakaanguka chini kadiri ya futi 160 na zaidi kwa kishindo kikubwa. Tangu zamani watu husafiri kwenda kuyatazama, nao wenyeji wakaona kuwa ajabu ile yaweza kuwaletea mali.

Wahenga husema, Mgeni njoo, mwenyeji apone. Lakini pale Niagara wenyeji walitafuta kupona kwa njia za ajabu. Mwaka 1827 wenye hoteli walitwaa merikebu kuukuu, wakatia ndani yake nyati, dubu wawili na wanyama wengine, wakaiachia ichukuliwe na maji mbele ya maelfu ya watazamaji. Dubu walijitosa wakaogelea hata kisiwani. Merikebu ilianguka ikavunjika vipande vipande.

Baada ya wanyama wakaja watu. Mwaka 1859 Mfaransa aitwaye Blondin alivuka juu ya kamba, na mara moja alimbeba mtu mgongoni. Mwaka 1883 Kapteni Webb, muogeleaji mashuhuri wa Kiingereza, aliingia katika maji makali yaliyo chini ya maporomoko, akafa. Mwaka 1901 mwalimu mmoja mwanamke, Annie Taylor, siku alipotimiza miaka 63, alijifungia katika pipa akaanguka nalo. Alitoka hai, lakini utajiri alioutazamia hakuupata. Alikufa maskini mwaka 1921.

Walakini jambo baya kuliko hayo lilikuwa ua. Wenye ardhi ya kando ya mto waliizungushia, hata upande wa Marekani ikawa shida mtu kuyaona maporomoko pasipo kulipa. Ndipo mwaka 1885 Serikali ya Jimbo la New York iliponunua ardhi ile kwa dola zaidi ya 1,400,000, ikaondoa majengo, na watu wakaingia bure. Kanada nayo ikatenga bustani upande wake.

Basi tujifunze. Maji yale hayakuumbwa na mtu, ila njia ya kuyafikia ilikuwa na wenyewe, na kuikomboa kuligharimu fedha nyingi. Penye jambo la kutazamwa na wageni, heri wazee wa mji waamue mapema njia ni ya nani, kabla ua haujajengwa.