Si Lazima Uwe Steringi

Kila ukienda kwenye usaili unapewa nafasi ya mlinzi, mlevi au mjomba? Usikasirike. Mwigizaji Harry Dean Stanton, mzaliwa wa Kentucky, Marekani, aliishi na nafasi za namna hiyo tangu miaka ya 1950.

1. Zipende dakika zako tano. Kwenye Cool Hand Luke (1967) Stanton ni mfungwa mwenye gitaa. Kwenye Alien (1979) ni fundi anayekufa kwa sababu ya kumtafuta paka. Mhakiki Roger Ebert alimtungia hadi kanuni: filamu ambayo Stanton au M. Emmet Walsh yumo pembeni haiwezi kuwa mbovu kabisa. (Baadaye alikiri kwamba kuna iliyoivunja.)

2. Punguza kuigiza. Hapa ndipo wengi huharibu: mtu kapewa sentensi mbili, anataka kulia, kucheka na kuzimia humo humo. Jack Nicholson, aliyeandika Ride in the Whirlwind, sinema ya kauboi ya bajeti kiduchu, alimwambia Stanton asifanye chochote, aziache nguo zicheze. Tazama matunda yake kwenye Paris, Texas (1984). Anatokea jangwani na kofia nyekundu na suti iliyochakaa, na kwa muda mrefu hatamki neno. Ndiyo maana anapokuja kuzungumza na mke waliyetengana, kioo kikiwa katikati yao, hutathubutu hata kunyanyua kikombe cha chai.

3. Toka nje, onana na watu. Nafasi ya Stanton kwenye Paris, Texas ilianzia baa, mjini Santa Fe, alipomweleza mwandishi Sam Shepard kwamba amechoshwa na nafasi anazopewa. Filamu ikatwaa tuzo ya Palme d'Or kwenye tamasha la Cannes, Stanton akiwa na miaka 57. Lalamika basi, ila chagua wa kumlalamikia.

4. Kazi ya mshahara usiiache haraka. Mwigizaji mwingine, Steve Buscemi, alikuwa askari wa zimamoto New York miaka ya 1980, kabla Reservoir Dogs (1992) haijamtambulisha kwa wengi.

5. Usifiche makunyanzi. Stanton alikaribia miaka 90 alipoibeba Lucky (2017), iliyoongozwa na John Carroll Lynch, naye pia mwigizaji wa nafasi za pembeni. Ukiitazama, msubiri David Lynch, mwongozaji mwingine: anacheza mzee aliyetorokwa na kobe wake, na analisimulia hilo bila hata chembe ya tabasamu.